Rufaa ya jinai imefutwa kwa kutofika mahakamani: hatua za kuchukua kabla siku hazijaenda

SWALI: "Kaka yangu alihukumiwa kifungo cha miaka mitatu na Mahakama ya Wilaya ya Pangani kwa kosa la wizi. Tulikata rufaa Mahakama Kuu Tanga, akapewa dhamana wakati rufaa inasubiri. Siku ya kusikilizwa alikuwa amelazwa Hospitali ya Bombo tangu jana yake, na wakili aliyetuahidi kusimama hakutokea. Tunaambiwa hata wakili wa serikali hakuwapo. Wiki moja baadaye ndipo karani akatuambia rufaa imefutwa. Hapa Bweni kila mtu ana lake. Mmoja anasema kwa kuwa serikali nayo haikufika, kaka ameshinda. Mwingine anasema tukate rufaa mpya. Wa tatu anasema yamekwisha, avuke aende zake Pemba. Leo ni siku ya 16 tangu rufaa ifutwe. Je, sheria inaruhusu rufaa ya mtu kufutwa bila kusikilizwa? Na sisi tufanye nini?"

JIBU: Poleni sana, dada, wewe na nyumba nzima. Rufaa ya kaka yako, kwa maelezo yako, haijasikilizwa, na hakuna jaji aliyezipima sababu zake na kuzikataa. Kwa hiyo iko njia ya kuomba irudishwe. Lakini njia hiyo inategemea sana ni siku ngapi mmekaa bila kufanya kitu, na siku 16 tayari ni siku za kutolewa maelezo. Soma jibu hili lote leo, kisha kesho asubuhi pandeni kivuko mwende Tanga.

Niondoe kwanza ushauri wa mtaani, kwa sababu wote watatu unaweza kumwumiza.

Wa kwanza ni kwamba kaka ameshinda kwa kuwa serikali haikufika. Naelewa unakotoka. Watu wameona kesi kwenye mahakama za chini ambako upande wa mashtaka haukuleta mashahidi, tarehe baada ya tarehe, mwishowe hakimu akaiondoa kesi na mshtakiwa akaenda nyumbani. Pale mambo yanakwenda hivyo kwa sababu mshtakiwa bado anahesabiwa hana hatia, na mzigo wa kuthibitisha ni wa serikali. Asiyeubeba mzigo wake ndiye anayeanguka. Kwenye rufaa mzigo umehama. Kaka yako ameshatiwa hatiani, na ile dhana ya kutokuwa na hatia iliishia siku ya hukumu. Hukumu ya Pangani ni halali na inasimama mpaka mahakama ya juu itakapoitengua. Anayetaka itenguliwe ni yeye mrufani, na serikali ni mjibu rufaa tu. Mjibu rufaa asipofika, mahakama inaweza kuendelea kumsikiliza mrufani peke yake na kuamua. Mrufani asipofika, hakuna anayeisukuma rufaa, na hukumu ya chini inabaki ilivyo. Wote wawili wasipofika, matokeo ni hayo hayo.

Wa pili ni kukata rufaa mpya. Hapa wengi wanateleza, hata wenye elimu. Rufaa iliyofutwa haikatwi upya kama vile haikuwapo. Mahakama ile ile inaombwa kwanza iiondoe amri yake ya kuifuta. Tena muda wa kukata rufaa hauanzi kuhesabiwa siku rufaa ilipofutwa. Unahesabiwa tangu siku ya hukumu ya Mahakama ya Wilaya: siku 10 za kutoa kusudio la kukata rufaa, na siku 45 za kuwasilisha hati ya rufaa, ukitoa muda uliotumika kupata nakala ya hukumu na mwenendo, yaani kumbukumbu za yaliyoandikwa mahakamani. Siku hizo kwa kaka yako zilishapita zamani. Ukipeleka rufaa mpya leo utakuwa umechelewa na umekosea mlango kwa pamoja.

Wa tatu sitaki hata kuurefusha. Akitoroka, hati ya kumkamata itatolewa, na wadhamini wake wataitwa kueleza kwa nini wasilipe kiasi walichokisaini. Huenda miongoni mwao yumo mjomba au jirani aliyeweka hati ya nyumba. Na atakapokamatwa, jaji anayeombwa huruma atakuwa anamtazama mtu aliyeikimbia mahakama. Jambo jingine ambalo watu hawalijui: muda mfungwa alioishi nje kwa dhamana ya rufaa hauhesabiwi kama sehemu ya kifungo. Kukaa mafichoni hakupunguzi hata siku moja ya ile miaka mitatu.

Sasa swali lako la msingi: sheria inaruhusu? Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), inampa mtu haki ya kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na haki ya kukata rufani. Litazame neno fursa. Mahakama inatakiwa ikupe nafasi. Ikishakupa nafasi kwa haki, nawe usiitumie bila sababu, haiwezi kukungoja milele, maana jalada la rufaa likikaa wazi hukumu nayo inaning'inia: aliyeibiwa hajui mwisho wake, wadhamini bado wamefungwa na saini zao, na warufani wengine wanangoja zamu. Ndiyo maana mahakama zina uwezo wa kuifuta rufaa ambayo mwenyewe haiendeshi. Kwa upande wa Mahakama ya Rufani jambo hili limeandikwa ndani ya Kanuni zake za mwaka 2009. Kwa Mahakama Kuu, Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inasisitiza zaidi upande wa pili: kwamba mrufani au wakili wake lazima apewe taarifa ya siku na mahali pa kusikilizwa, na kwamba mrufani, awe gerezani au nje, ana haki ya kuwapo.

Kwa hiyo kila kitu kinazunguka swali moja: je, fursa ilitolewa kweli? Na kama ilitolewa, kwa nini haikutumika? Maombi yenu yatasimama au kuanguka hapo.

Jibu haliko kwenye maneno ya karani. Liko ndani ya jalada. Hatua ya kwanza, kabla hamjamlipa mtu yeyote, ni kuandika barua fupi kwa Naibu Msajili, Mahakama Kuu, Masjala Ndogo ya Tanga, kuomba nakala ya amri iliyofuta rufaa pamoja na mwenendo wa siku ile na wa tarehe iliyotangulia. Barua iwe na namba ya rufaa, namba ya kesi ya Pangani, jina la mrufani kama lilivyo kwenye hukumu, na namba ya simu inayopatikana. Iandikeni nakala mbili, na yenu igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Watu wengi hawaujali muhuri huo, lakini baadaye ndio utakaothibitisha kwamba siku fulani mlikuwa mnafuatilia, hamkuwa mmelala.

Mkipata karatasi hizo, zisomeni mkitafuta mambo manne.

Kwanza, siku ile ilikuwa ya nini? Kuna tarehe ya kutajwa na tarehe ya kusikilizwa. Siku ya kutajwa ni ya kuangalia kama jalada la mahakama ya chini limeletwa, kama pande zote zimepata taarifa, na kupanga siku ya kusikiliza. Siku kama hiyo haikupangwa kwa ajili ya kuimaliza rufaa. Ikiwa mwenendo wa tarehe iliyotangulia unasema rufaa itatajwa, halafu ikafutwa siku hiyo hiyo ya kutajwa, hiyo ni hoja nzito na iwekeni mbele kabisa.

Pili, kaka yako aliijuaje tarehe? Kama alikuwapo mahakamani siku tarehe ilipopangwa, anahesabiwa kuwa na taarifa na hahitaji samansi nyingine. Kama hakuwapo, jalada lazima lionyeshe alivyotaarifiwa: samansi yenye saini yake, au kiapo cha mpeleka samansi kinachoeleza alimpata wapi na lini, au taarifa iliyopelekwa kwa wakili anayetambuliwa kwenye shauri. Kama hakuna chochote cha namna hiyo, maombi yenu yanakuwa mepesi zaidi, kwa sababu mtu hawezi kulaumiwa kwa kukosa siku asiyoijua. Kwa maelezo yako, nyinyi mliijua tarehe. Semeni hivyo. Msijaribu kudai hamkujulishwa, maana jalada litawaumbua na ukweli mzuri mlionao wa hospitali utachafuka pamoja na uongo huo.

Tatu, mahakama ilitumia neno gani? Hapa nakaa kidogo, kwa sababu tunasema "imefutwa" kwa mambo matatu tofauti. Kama rufaa imefutwa kwa kutoendeshwa, dawa yake ni maombi ya kuirudisha katika mahakama hiyo hiyo. Kama imeondolewa mahakamani, kwa mfano kwa kasoro ya hati au kusudio lililochelewa, haikufa. Inaweza kuletwa tena ikiwa imerekebishwa, ila kwa sababu siku zimepita itabidi kwanza kuomba kuongezewa muda, na Mahakama Kuu ina uwezo wa kutoa muda huo ikiridhika kuna sababu nzuri. Na iko hali ya tatu: jaji anaona hati ya rufaa inajieleza, anasoma sababu zake na jalada la Pangani bila mrufani kuwapo, kisha anaamua rufaa yenyewe. Hapo rufaa imesikilizwa, hata kama hamkuwapo. Njia iliyobaki ni Mahakama ya Rufani, na kusudio la kwenda huko linatolewa ndani ya siku 30. Mnaona kwa nini nasema msianze kuandika kabla ya kuiona amri. Mkiwa siku ya 16, siku 30 haziko mbali. Kama amri imeandikwa kwa Kiingereza, mwombeni karani au wakili awaeleze waziwazi ni ipi kati ya hizo tatu.

Nne, angalieni mahudhurio yaliyoandikwa juu ya ukurasa. Nani ameandikwa yupo, nani hayupo? Mara nyingine mtu alikuwa kwenye benchi nje, hakusikia jina lake likiitwa, na huyo naye ana la kueleza.

Tuseme sasa amri ni ya kwanza, imefutwa kwa kutoendeshwa. Maombi ya kuirudisha huletwa kwa hati ya wito wa chemba ikiungwa mkono na hati ya kiapo. Hati ya wito inasema mnaomba nini: amri ya tarehe fulani iondolewe, rufaa namba fulani irudishwe na isikilizwe. Watu wengine hunakili maombi ya kesi za madai na kutaja Sheria ya Mwenendo wa Madai. Sheria hiyo haihusiki na rufaa ya jinai. Hii ni kazi ya wakili. Nimeitaja ili mkiona rasimu ina maneno hayo muulize.

Kiapo ndicho roho ya maombi, na ndicho kinachoharibiwa zaidi. Kiapo ni ushahidi ulioandikwa. Anayeapa aseme mambo anayoyajua mwenyewe, kwa aya zenye namba, kila aya jambo moja. Kisiwe na hoja za kisheria, kisiwe na maombi ya huruma, kisiwe na "nadhani". Mwishoni kuwe na sehemu ya uthibitisho inayosema aya zipi anazijua mwenyewe na zipi ameambiwa na nani, kisha saini mbele ya kamishna wa viapo, na mahali na tarehe ya kuapa vijazwe. Tarehe ya kiapo ikiachwa wazi, wakili wa serikali ataiona kabla ya kitu kingine chochote.

Na hili lishikeni: ukimtaja mtu kwenye kiapo chako kuwa alifanya au alisema jambo la maana, mtu huyo aape mwenyewe. Kaka yako aape kuhusu ugonjwa wake na mawasiliano yake na wakili. Wewe uape kuhusu ulichofanya wewe: siku uliyokwenda masjala, karani alikuambia nini, siku ulipopeleka barua. Daktari au afisa wa hospitali, akipatikana, aape kuhusu kulazwa. Asipopatikana, karatasi za hospitali ziambatishwe zikiwa kamili. Kiapo kimoja cha kaka kinachosema "dada yangu alifuatilia, daktari alinizuia, wakili alikiri kosa" kina watu watatu ambao hawajaapa, na mahakama inaweza kukihesabu kuwa ni maneno ya kuambiwa.

Karatasi za hospitali zinahitaji maneno yake. Inayotakiwa ni ile inayoonyesha tarehe ya kulazwa, tarehe ya kuruhusiwa, wodi, jina linalofanana na la kwenye rufaa, namba ya faili, saini na muhuri. Cheti cha mgonjwa wa nje cha siku mbili kabla hakisemi mtu alikuwa wapi siku ya shauri. Risiti ya dawa ya duka la mtaani haisemi kitu. Kama hospitali imeandika jina lake kwa kifupi au imekosea herufi, ombeni lirekebishwe au lielezwe ndani ya kiapo, maana tofauti ndogo ya jina huzaa swali kubwa. Kulazwa tangu jana ya shauri ni sababu nzuri kweli. Lakini jiandaeni kwa swali litakalofuata: wewe au ndugu mwingine hamkulala wodini, mbona hakuna aliyekwenda mahakamani kutoa taarifa? Jibuni ndani ya kiapo, kwa ukweli. Kama mlitegemea wakili atakuwapo, semeni. Kama hamkujua kwamba ndugu anaweza kufika tu na kumweleza karani wa jaji, semeni hivyo pia.

Hapo tunaingia kwa wakili. Kwa kawaida uzembe wa wakili peke yake haukubaliki kama sababu ya kutosha. Mahakama zinaona kwamba mteja ndiye aliyemchagua, na mteja ana wajibu wa kuifuatilia kesi yake. Kwa hiyo msiyajenge maombi yote juu ya lawama kwa wakili. Wekeni ugonjwa kuwa sababu kuu, na kutofika kwa wakili kuwa maelezo ya kwa nini mliamini shauri lina mtu. Ambatisheni ushahidi kwamba kweli mlikuwa mmemwajiri: stakabadhi ya malipo, ujumbe wa simu, barua. Kama wakili ana sababu yake, kwa mfano alikuwa mbele ya mahakama ya juu zaidi siku hiyo, yeye mwenyewe aape na aambatishe orodha ya mashauri inayoonyesha jina lake. Wakili mwungwana atafanya hivyo. Na kama alichukua fedha akawaacha, malalamiko dhidi yake yana njia yake kwenye vyombo vya nidhamu vya mawakili. Yapelekeni, ila msisubiri yaishe ndipo muombe rufaa irudi. Vivyo hivyo barua za malalamiko kwa viongozi wa Mahakama: ni haki yenu kuziandika, lakini barua si maombi, na wakati mnasubiri majibu siku zinakwenda.

Kuhusu siku hizo. Watu huuliza, "Muda wa kuomba kurudishiwa rufaa ni siku ngapi?" Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, haihusiki na mashauri ya jinai, kwa hiyo msichukue siku za kwenye kesi za madai mkajipa moyo kwamba mngali ndani ya muda. Kipimo kinachotumika ni kama mlichukua hatua mapema, na kama kila siku ya kuchelewa ina maelezo. Kila siku, dada. Andikeni kwa mtiririko: siku ya kwanza rufaa ilifutwa, kaka yuko wodini. Siku fulani akaruhusiwa, karatasi hii hapa. Siku ya saba mkafika masjala mkaambiwa. Baada ya hapo kuna siku tisa mpaka leo. Zilitumikaje? Mlimtafuta wakili? Yupi, lini? Mlikuwa mnachanga nauli na ada? Ukosefu wa fedha peke yake huwa sababu dhaifu, ila ukielezwa pamoja na hatua zilizochukuliwa unaeleweka. Kama kivuko cha Bweni kilisimama siku mbili, tajeni siku hizo, na mtu anayejua aape. Pengo la siku tatu lisilo na maelezo linaweza kuangusha maombi ambayo sababu yake ya msingi ilikuwa nzuri.

Maombi yakishasajiliwa katika mfumo wa kielektroniki wa Mahakama, nakala inapelekwa Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, mkoani Tanga. Wao wanaweza kuleta kiapo kinzani au kutopinga. Siku ya kusikilizwa jaji atapima mambo machache: sababu ya kutofika ni ya kweli na ya kutosha? Mliharakisha? Mwenendo wa mrufani huko nyuma ukoje, alikuwa akihudhuria au hii ni mara ya tatu anakosekana? Serikali itaumia nini rufaa ikirudi? Uzuri wa sababu za rufaa yenyewe si swali la siku hiyo, kwa hiyo msitumie kurasa kumi kueleza kwamba shahidi wa pili alidanganya. Lakini kama kuna kasoro ya kisheria inayoonekana juu juu kwenye hukumu ya Pangani, mathalani adhabu inayozidi ile inayoruhusiwa na sheria, itajeni kwa aya moja.

Sasa jambo gumu, na nitalisema waziwazi. Dhamana ya kaka yako ilitolewa kwa ajili ya kusubiri rufaa. Rufaa ikifutwa, msingi wa dhamana nao umeondoka, na adhabu inaanza kudai utekelezaji wake. Kurudishwa kwa rufaa, kukifanikiwa, hakuirudishi dhamana moja kwa moja. Itabidi iombwe tena. Anaweza kukamatwa kesho, na anaweza kukamatwa siku anapokwenda kuapa. Hakuna mtu mkweli atakayewaahidi vinginevyo. Ushauri wangu ni kwamba aende na wakili, maombi yakiwa tayari yamesainiwa, ajitokeze masjala mwenyewe, na pamoja na maombi ya kurudisha rufaa yaandaliwe maombi ya dhamana. Mtu aliyekuja kwa miguu yake anatazamwa tofauti na aliyeletwa na pingu. Kama bado anatumia dawa, abebe dawa zake na karatasi za kliniki, ili hata akipelekwa Gereza la Maweni matibabu yasikatike. Wadhamini nao waambieni hali ilivyo leo. Kuwaficha si uungwana, na wao wakiwa pamoja nanyi wanaweza kuapa kwamba hakutoroka.

Akiwa gerezani, haki zake hazifungwi pamoja naye. Sheria inaruhusu mfungwa kumkabidhi mkuu wa gereza nyaraka zake za rufaa ili zipelekwe mahakamani, na kwa siku ya kusikilizwa ni wajibu wa magereza kumleta au kumuunganisha kwa video, utaratibu uliowekewa kanuni mwaka 2021. Mfungwa asipoletwa, hilo si kosa lake, na rufaa ya mtu asiyeletwa kutoka gerezani haipaswi kufutwa kwa kutofika kwake. Nalisema hili kwa ajili ya familia nyingine zitakazosoma: kama ndugu yenu yuko ndani na rufaa yake imefutwa, kitu cha kwanza kutafuta kwenye jalada ni kama mahakama iliagiza aletwe.

Maombi yakikataliwa, safari inaweza kuendelea Mahakama ya Rufani kwa hoja ya kisheria, na kusudio ni ndani ya siku 30 tangu kukataliwa. Msiruke moja kwa moja kwenda huko leo. Mtu ambaye mahakama iliyomfutia ingali na uwezo wa kumrudishia huelekezwa aanzie hapo hapo.

Kwa wasomaji ambao kesi zao zilianzia Mahakama ya Mwanzo, hesabu ni nyingine. Rufaa kwenda Mahakama ya Wilaya ni ndani ya siku 30, na kutoka hapo kwenda Mahakama Kuu ni siku 30 tena, na hati ya rufaa hiyo ya pili hupelekwa Mahakama ya Wilaya iliyoamua, ambayo huituma juu. Sheria ya Mahakama za Mahakimu, Sura ya 11, inamruhusu mrufani kusema ndani ya hati yake kwamba hataki kuwapo wakati wa kusikilizwa wala hataweka wakili. Kwa mzee wa Kilindi au Lushoto asiye na nauli, hiyo ni njia halali, ila sababu za rufaa ziandikwe zikajitosheleza, maana hakutakuwa na mtu wa kuzifafanua. Na popote ulipo, kama safari ni ngumu, mahakama inaweza kuombwa rufaa iendeshwe kwa hoja za maandishi. Liombwe mapema, siku ya kutajwa.

Neno kuhusu namba za vifungu. Sheria zetu zilifanyiwa urekebu na Toleo la 2023 likaanza kutumika tarehe 1 Julai 2025, na namba nyingi za Sura ya 20 zimehama. Kifungu cha muda wa rufaa kilichojulikana kwa miaka mingi kama 361 msikinakili kutoka karatasi ya zamani. Wakili aangalie toleo jipya.

Mnahitaji wakili ana kwa ana, na mnamhitaji wiki hii. Jibu la maandishi haliwezi kusoma jalada lenu. Kama ada haipatikani, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawahusu watu wa hali yenu: ulizeni dawati la msaada wa kisheria, ofisi ya ustawi wa jamii ya wilaya, au wawakilishi wa Chama cha Wanasheria Tanganyika walioko Tanga. Wasaidizi wa kisheria wa kata wanaweza kuwasaidia kupanga nyaraka na kuwaelekeza, ila kusimama Mahakama Kuu kwa niaba ya kaka ni kazi ya wakili aliyesajiliwa. Mtu yeyote anayeranda nje ya mahakama akisema "nipe kidogo nitaongea na jaji" mkimbieni.

Kesho pandeni kivuko cha kwanza. Kwenye bahasha wekeni nakala ya hukumu ya Pangani, hati ya rufaa, karatasi ya dhamana, karatasi zote za Bombo, stakabadhi za wakili wa awali na daftari lenye orodha ya siku 16 zilizopita, kila siku na kilichofanyika. Masjala kwanza, kuomba amri na kugongewa muhuri; Bombo pili, kama karatasi ya kuruhusiwa ina upungufu; wakili tatu, siku hiyo hiyo, na bahasha nzima mkononi. Tarehe mtakayopewa, iandikeni kwenye simu za watu wawili, na siku hiyo fikeni kabla ya saa mbili na nusu asubuhi, mjitambulishe kwa karani wa jaji hata kama wakili wenu hajafika.